Sikio la Kushoto

Nyemo,

Muda huu uko Brampton kwa shangazi yako, unaaga na kulazimishwa pilau. Mama yako amejinyoosha kidogo kabla ya zamu yake ya hospitali. Nimebaki mimi na sanduku lako, ambalo umeliegesha mlangoni tangu jana kana kwamba nyumba imeanza kukuunguza. Kesho asubuhi nitakupeleka uwanja wa ndege na ninajijua: ndani ya gari nitaongea habari za barabara na theluji mpaka tufike, nitakukumbatia vibaya vibaya, halafu nitarudi nyumbani sijasema kitu. Ndiyo maana naandika. Naandika kwa Kiswahili kwa makusudi, maana kwa Kiingereza mimi ni mwongo mzuri sana. Najua unanielewa hata kama unanijibu kwa lugha yenu. Neno likikushinda mpigie shangazi yako, ila mwisho wa barua usimsomee.

Habari za koti, soksi na kula asubuhi mama yako ameshazimaliza, na mimi sina cha kuongeza. Nina habari moja tu, na inanitia kinyaa. Nimejaribu kuiita huzuni, nimejaribu kuiita majuto, lakini ni kinyaa, kile cha mtu aliyekuta nywele kwenye mboga na mboga ameipika mwenyewe.

Jumatano uliacha karatasi mezani hapa jikoni. Sikuitafuta, ilikuwa chini ya kikombe changu. Ni ile orodha waliyokutumia watu wa filamu huko Calgary, vitu wanavyovitaka kutoka kwako, mshauri wao wa mambo ya Afrika. Wewe, mwanangu, uliyekwenda Kongwa kwa babu yako mara mbili maisha yako yote. Sikucheki. Na mimi niliwahi kuwa mshauri wa kauboi wakati farasi nilikuwa namwogopa. Nilisoma mpaka katikati ya ukurasa, wanaposema wanataka alama halisi ya sikio la ng'ombe, ya ukoo wa wafugaji kweli, ambayo haijawahi kuonekana kwenye filamu yoyote. Chai ikanishinda.

Umekua ukiniona na lile pama jeusi, kofia ya kauboi, lililoning'inia nyuma ya mlango. Darasa la pili ulimwambia mwalimu wako kwamba baba yako ni kauboi, na mimi nikacheka kwa furaha badala ya kukusahihisha. Nisikilize sasa basi, ingawa nimechelewa.

Nilipofika Toronto nilikuwa mwandika mabango. Dodoma nzima ilikuwa na maduka yenye mkono wangu, vinyozi, mabucha, mafundi simu. Hapa hakuna aliyehitaji bango la mkono. Tulipanga St. James Town, ghorofa ya kumi na saba, mchana nikipakua maboksi ghalani, na nikirudi nilichora ng'ombe kwenye makadibodi niliyookota kazini. Nilichorea kwenye chumba cha kufulia huko chini kwa sababu mama yako hakutaka harufu ya rangi ndani. Nilichora ng'ombe wa babu yako mmoja mmoja, kwa majina yao. Hakuna mtu aliyenituma na hakuna aliyenilipa, na nitakuambia ukweli, sijawahi tena kuchora vizuri namna ile.

Siku moja akashuka mzee mmoja na kapu lake la nguo. Alikuwa na duka la picha katikati ya mji. Akatia nguo mashineni, akasimama akitazama picha mpaka mashine ikaacha kuzunguka. Kisha akaniuliza, "Hawa hawa, unaweza kuwachora halafu mbele yao ukaweka mtu mwenye pama juu ya farasi?" Nikasema naweza. Mwenye njaa hana miiko. Nikamletea. Akaipenda, ila akasema ng'ombe wa Magharibi hawana nundu, nitoe nundu. Nikazitoa. Leo najua kwamba hata hilo halikuwa kweli, ng'ombe wenye nundu wapo huko Texas tele. Yeye hakujua, na mimi sikuuliza. Nilikwangua nundu za ng'ombe wa baba yangu kwa kisu cha rangi, moja baada ya moja, huku nikipiga mluzi.

Hapo ndipo nilipoanza, Nyemo. Watu hudhani mtu huharibika siku moja kubwa. Mimi niliharibikia chumba cha kufulia, na nilikuwa nimefurahi.

Picha zikanunuliwa. Yule mzee akaandika kwenye kijitabu cha maonyesho kwamba nimezaliwa juu ya tandiko na kukulia nyikani na bunduki. Akanisomea, akauliza, "Ni sawa?" Nikakubali kwa kichwa. Babu yako alichunga kwa miguu maisha yake yote, na silaha yake ilikuwa fimbo ya mti wa mkole. Pama alinipa yule mzee, na nilipolivaa mara ya kwanza mama yako alisema, "Mume wangu, umefanana na mtu wa sarakasi." Nilinuna siku mbili. Alikuwa amesema kweli.

Halafu akaja mwongozaji wa filamu. Alinunua picha moja kubwa, akaniambia anatengeneza filamu za kauboi kwenye mashamba ya kaskazini mwa mji, na anatafuta mtu anayewajua ng'ombe. Farasi alikuwa na watu wake, nguo zilikuwa na watu wao, lakini ng'ombe walikuwa wakimshinda. Nikaenda. Na nikuambie kitu ambacho sijawahi kukuambia: siku za mwanzo nilifanya kazi ile kwa haki. Walitaka ng'ombe wenye kiu ya siku tatu wapite kando ya mto bila kunywa, kwa sababu mto ulikuwa upande mbaya wa kamera. Nikasema haiwezekani, ng'ombe mwenye kiu humzuii hata kwa ukuta. Mwongozaji akanitazama kwa upole kabisa. Akasema, "Nani atajua?"

Nilitaka kumwambia baba yangu atajua. Nikaona aibu. Ng'ombe wakapita kando ya mto wakiwa wamefungwa kamba ambazo watazamaji hawazioni.

Tangu siku hiyo "nani atajua" likawa ndilo jibu la kila kitu. Filamu ya tatu nilikuwa nakubali kwa kichwa kabla swali halijaisha. Waliniwekea kiti chenye jina langu mgongoni. Nilikula chakula cha wakubwa. Ukisikia mtu anaitwa mshauri, tazama kwanza kama kuna anayemfuata akisema hapana. Kama hakuna, huyo ni pambo, na mimi nilikuwa pambo lililoshiba.

Sasa nifike kwenye sikio.

Hili unalijua nusu, na nusu hiyo ulipewa na babu yako, si mimi. Kwetu ndama hukatwa sikio kabla hajaacha kunyonya. Alama ni ya nyumba. Hununui, huombi, hubuni. Baba anakata mbele yako, halafu siku ukikomaa anakupa kisu umalizie mwenyewe. Nilikuwa na miaka minane. Babu yako alinishikia kichwa cha ndama akasema, "Usitetemeke, ukitetemeka utaandika uongo." Sikio la kushoto, mkato mmoja wa pembe kwenye ncha, na chini yake nusu mwezi mdogo. Nikakata. Akapaka majivu. Ng'ombe yule angepotea mpaka mnada wa wilaya nyingine, mtu angeliangalia sikio na kusema huyu wa kina Ndahani, ndiye babu yako, na angerudishwa. Hiyo ndiyo ilikuwa kazi yake, kurudisha mnyama nyumbani.

Katika filamu ya nne kulikuwa na mwizi wa ng'ombe. Muuaji kabisa, anaua mjane mlangoni kwake na kuondoka na mifugo. Walitaka mifugo ya huyo mwizi iwe na chapa ya moto pajani, chapa ya kutisha, na mimi ndiye niibuni. Nikachora kumi. Mwongozaji akazipitia zote akiwa amesimama. "Hizi zinaonekana za kutunga," akasema. "Nataka kitu kinachoonekana kina wenyewe. Nahitaji kabla ya chakula cha mchana."

Ningeweza kuchora ya kumi na moja. Nimefikiri jambo hili kwa miaka mingi na hakuna kilichonizuia. Sikuwa na njaa tena, hakuna aliyenitishia, na kalamu ilikuwa na wino. Lakini nilikuwa nimechoka kukataliwa, na mkono wangu ukaenda wenyewe nyuma ya karatasi ya ratiba, ukachora pembe na nusu mwezi chini yake. Akanyakua karatasi. "Hii!" Akawaonyesha wenzake, wakapiga makofi, watu wazima wamesimama kwenye matope wanapiga makofi. Na mimi nikavua pama nikainama. Kila nikikumbuka, kinachonichefua zaidi ni kuinama kule.

Filamu ilipendwa. Ile chapa wakaitia kwenye vikombe, kwenye kofia, kwenye fulana. Wewe ulikuwa na miaka kumi, ulikuwa na fulana mbili, ya njano na ya bluu. Nilikununulia mimi.

Yaliyofuata nilisimuliwa na baba yako mdogo Masima kwenye simu, na ilimchukua muda kunisimulia. Kando ya mnada kulikuwa na banda la video. Filamu ikafika pale ikiwa imeshatiwa Kiswahili na wale jamaa wanaosimulia juu ya sauti za wazungu. Vijana wakaiona Jumamosi. Mnada uliofuata, babu yako anaingiza madume wawili, kelele zikaanza: "Jambazi kaja! Ng'ombe wa jambazi hao!" Kwanza alidhani ni utani wa watani zake, akawajibu. Mnunuzi mmoja akakagua masikio, akacheka, kisha akakataa kununua mpaka aletewe barua ya mtendaji wa kijiji. Barua, kwa Ndahani, ambaye mtendaji mwenyewe alikuwa akiazima dume kwake.

Babu yako akaingia bandani. Hakuwa mtu wa mabanda ya video. Masima anasema alikaa kwenye benchi la mbele akiwa na fimbo magotini, akaitazama yote, mjane akapigwa risasi, ng'ombe wakaswagwa, na ile alama ikajaa ukutani kubwa kama mlango. Majina yalipoanza kupanda mwishoni, akamwambia kijana wa banda asimamishe, amsomee. Kijana akasoma mpaka akafika kwangu.

Akanipigia kwa simu ya Masima. Nilikuwa hapa hapa jikoni, wewe unafanya hesabu zako za shule.

"Mbukwenyi, baba," nikasema.

Hakuitikia salamu. "Ile alama," akasema, "uliiokota au ulipewa?"

"Nilipewa, baba."

"Nani alikupa?"

"Wewe."

"Na wale, waliiba au uliwapa?"

Ningeweza kumdanganya. Kumbe ndiyo mara pekee katika habari hii yote niliposhindwa kudanganya. "Niliwapa."

"Haya," akasema, na simu ikakatika.

Siku ya tatu akafunga zizi. Yeye na Masima na kisu wakawakata upya ng'ombe wote, wakubwa kwa wadogo, wenye mimba na wanaonyonyesha, alama mpya juu ya ile ya zamani ili ya zamani ifutike. Masima anasema baadhi masikio yalibaki visiki. Ng'ombe walilia siku mbili na babu yako hakula siku mbili. Nikamuuliza Masima, hiyo mpya ikoje? Akasema, "Kaka, nisamehe. Mzee kasema wewe usiambiwe. Kasema utawauzia."

Babu yako hakunitenga, usifikiri hivyo. Aliendelea kuniuliza hali yako, hali ya mama yako, baridi ya huku. Nikimuuliza ng'ombe, alijibu, "Ng'ombe hawajambo," kama mtu anavyomjibu mpita njia. Na alipofariki nikaenda, unakumbuka, wewe ulikuwa kwenye mitihani. Nilipofika msibani zizi lilikuwa tupu. Walikuwa wamewahamishia ng'ombe kwa ndugu, ng'ambo ya korongo, asubuhi ya siku niliyofika. Hakuna aliyenieleza sababu na hakuna aliyenikosea adabu. Walinipa kiti, wakanipa chai. Nilimzika baba yangu nikiwa nimekaa mbele ya zizi tupu, na vijana wa ukoo wananitazama mikono.

Mwaka mmoja kabla ya hapo ulikuwa umekwenda Kongwa wewe na shangazi yako, majuma matatu. Ulirudi umekuwa mweusi na umekonda na unacheka. Juma lilelile nikakukuta mezani hapa unachora kwenye lile daftari lako la jalada gumu. Nikasogea. Nikaona ncha ya sikio la ng'ombe, tu, na kiganja chako kikashuka juu ya karatasi, pa.

"It's nothing, Daddy," ukasema. "Babu said not to."

Nikasema sawa, nikaenda kuosha vyombo ambavyo vilikuwa safi. Nilielewa. Babu yako alikuwa amekuamini na alama mpya, wewe mtoto wa Toronto, usiyejua kukamua, akaniruka mimi. Wahenga wanasema majuto ni mjukuu. Mimi wangu nilikuwa nakula naye meza moja.

Sikuambii usiende Calgary. Kazi si mbaya, na mkono wako ni mzuri kuliko wangu, hilo nililiona ulipokuwa na miaka sita na nikaona wivu, nikajiambia ni fahari. Nenda. Ila utakaa kwenye kile kiti, watakuletea kahawa, watakuita kwa jina lako na kulitamka vizuri, watu wazuri kabisa. Wangekuwa wabaya ingekuwa rahisi. Halafu mtu mpole atakuuliza jambo kabla ya chakula cha mchana. Mwambie hapana, hiyo ina wenyewe. Ukiwa hujui mwambie sijui. Atanuna, atakula, na mchana watatunga yao. Ya kutunga ingetosha hata kwangu, Nyemo. Kumi zilikuwa pale mezani.

Sasa nikuambie la mwisho, ambalo ndilo limenikalisha hapa.

Alhamisi ulipotoka kununua buti, nilifungua sanduku lako. Nilijiambia naangalia kama umeweka koti. Nililitafuta daftari mpaka nikalipata chini kabisa, ndani ya taulo. Na sikulitafuta ili nikulinde, usije ukanipamba kwa hilo. Tangu nisome ile karatasi mkono wangu umekuwa ukiwasha. Nilitaka kuiona nipate kuichora. Baada ya kuyapitia yote niliyokuandikia hapa, baada ya zizi tupu, bado nilipiga magoti sakafuni kama mwizi na kufungua kitu ulichoachiwa wewe. Nimekuwa yule mtu wa kwenye filamu, na hata sikuhitaji pama.

Nilifungua kurasa. Kuna mikono ya bibi yako, kuna mlango wa jikoni, kuna Masima amelala. Halafu, pale lilipokuwa lile sikio, kuna ukurasa uliochanwa, umechanwa vizuri, kwa rula.

Nililirudisha kwenye taulo na kufunga zipu, nikakaa chini pale mlangoni mpaka niliposikia lifti.

Sijui ulipo ukurasa huo. Ama umeshautuma Calgary, ama uliuchana kwa sababu unamjua baba yako. Kesho kwenye gari sitakuuliza, na ukitaka kuniambia, nitawasha redio. Siku moja nitazeeka, nitaumwa, pengine nitakulilia nikuombe unichoree japo mara moja nione. Uweke kiganja chako pale pale, kama siku ile.

Naomba kwa Mungu, Nyemo, iwe ulikuwa unanificha mimi.

Baba